Mti wa Zakayo Mkoani Songwe

Upo mti mmoja katika Injili ambao wasomaji wa Ulaya wameusoma kwa karne nyingi pasipo kuufahamu, na ambao mkulima wa Mbozi au wa Ileje huupita kila siku aendapo mtoni. Ni ule mti alioupanda Zakayo, mkuu wa watoza ushuru wa Yeriko, ambaye kwa ufupi wa kimo chake hakuweza kuona juu ya vichwa vya umati. Martin Luther, alipowafasiria Wajerumani habari hiyo, aliuita kwa jina la mforsadi. Waingereza wakatumia jina ambalo nchini mwao ni la mti mwingine kabisa, wenye majani kama ya mzabibu na usiozaa tunda la kuliwa. Katika Kiswahili mti huo ni mkuyu, na mkuyu ndio hasa uliokusudiwa. Shina lake ni nene, matawi yake huanza chini na kutanda kwa upana. Mtu mfupi aliyevaa kanzu angeukwea bila taabu.

Tumependa kuanza na mti huu kwa sababu twaona kuna jambo kubwa ambalo halijapewa uzito unaostahili. Mara nyingi wanyama na mimea ya Maandiko ya Kiyahudi na ya Kikristo hufundishwa kana kwamba ni picha za ukutani zilizoletwa kutoka mbali: kondoo ni upole, simba ni nguvu, nyoka ni hila, basi. Lakini waandishi wa vitabu vile walikuwa watu wa mashamba na malisho. Hawakuazima alama, bali walitaja viumbe waliowajua kwa tabia zao zote. Ndiyo maana simba katika Mwanzo ni sifa ya kabila la Yuda, na katika Waraka wa kwanza wa Petro simba huyo huyo ni mfano wa Ibilisi atafutaye mtu wa kummeza. Asiyemjua simba ataona hapo mgongano. Anayeishi karibu na pori hataona ajabu yoyote.

Wenzetu wa Unguja wana sehemu yao katika habari hii. Majina ya viumbe hao katika Biblia ya Kiswahili yalichaguliwa kwa sehemu kubwa Pwani na visiwani. Askofu Edward Steere, aliyefariki mwaka 1882, alifanya kazi yake ya tafsiri huko Unguja, na Biblia nzima katika lahaja ya Unguja ilitoka mwaka 1891. Ile ya Muungano, inayosomwa hadi leo kuanzia Tunduma hadi Tanga, ilitolewa mwaka 1952. Kanisa Kuu alilolijenga Steere limesimama mahali palipokuwa soko la watumwa, lililofungwa mwaka 1873, katika mtaa uitwao Mkunazini. Mkunazi, ambao majani yake Waislamu wa visiwani huyatumia katika kuosha maiti, una ndugu yake huko Palestina ambao wataalamu wa mimea wameupa jina la Kilatini lenye maana ya miiba ya Kristo, kwa kuwa mapokeo ya zamani husema taji ya miiba ilisukwa kwa matawi yake. Hivyo kila mtu aulizapo njia ya kwenda kanisani hapo, huutaja mti unaoheshimiwa na dini mbili.

Turudi kwenye mkuyu. Nabii Amosi alipoambiwa na kuhani wa Betheli akafanye unabii kwao, alijibu kwamba yeye si nabii wala mwana wa nabii, bali ni mchungaji na mtunza mikuyu. Kutunza mikuyu ni kazi gani? Kwetu hakuna atunzaye mkuyu, kwani huota wenyewe na kuzaa wenyewe. Jibu limo ndani ya tunda. Asili ya mkuyu ni Afrika hii yetu, na kuyu huivishwa na mdudu mdogo mfano wa nyigu, aingiaye ndani yake kutaga mayai na kuchavusha. Atakayelipasua kuyu la Songwe atawakuta wadudu humo, na mbegu vilevile. Mti ulipopelekwa Misri na Palestina katika zama za kale, mdudu huyo hakufuatana nao. Watu wa huko walilazimika kuupanda kwa vipande vya matawi, kisha kupanda juu yake na kulichanja kila tunda kwa kisu ili liive siku chache baadaye. Hiyo ndiyo iliyokuwa kazi ya Amosi: kazi ya mtu maskini, ya kuchanja matunda moja moja, tena matunda ya daraja la chini kuliko tini. Mtu wa namna hiyo ndiye aliyesimama mbele ya kuhani wa mfalme na kuwashitaki matajiri waliouza maskini kwa jozi ya viatu.

Watumishi wa Serikali wasomao safu hii watapendezwa na habari nyingine iliyoandikwa katika Kitabu cha kwanza cha Mambo ya Nyakati, sura ya 27. Humo imeorodheshwa idara ya mali ya Mfalme Daudi, na miongoni mwa maofisa wake yumo Baal-hanani Mgederi, aliyewekwa juu ya mizeituni na mikuyu ya nchi tambarare. Hatujui kama alikuwa na usafiri wa ofisi. Tunajua kwamba mkuyu ulihesabiwa kuwa mali ya dola, yenye mtu wa kuulizwa habari zake. Aidha, Kumbukumbu la Torati linakataza jeshi lililouzingira mji kukata miti ya matunda, na juu ya katazo hilo walimu wa Kiyahudi walijenga sheria pana dhidi ya uharibifu wa kila kitu chenye manufaa.

Sisi nasi tunayo sheria. Sheria ya Usimamizi wa Mazingira ya mwaka 2004 inazuia shughuli za kibinadamu za kudumu ndani ya mita 60 kutoka kingo za mto au ziwa. Mkuyu ni mti wa kingo hizo hasa, na mizizi yake hushika udongo ambao vinginevyo huchukuliwa na maji. Mkoa huu, uliotengwa na Mbeya mwaka 2016, umepewa jina la mto, na ipo mito miwili iitwayo Songwe: mmoja hutelemkia Ziwa Rukwa, na mwingine ni mpaka wetu na Malawi ukielekea Ziwa Nyasa. Huu wa mpakani umepata kuhama mkondo wake mara kadhaa huko chini tambarare, na mto unaohama huhama na mpaka. Mwenye kukata mkuyu ukingoni kwa ajili ya tanuri la matofali huenda hajui kwamba anagusa mambo ya nchi mbili. Zamani mikuyu mingi ilisalimika kwa kuwa wazee waliistahi. Heshima hiyo imepungua, na mita 60 hazijashika nafasi yake.

Baada ya mkuyu, kiumbe wa Maandiko anayeihusu Songwe kuliko wengine ni nzige. Mbuga za Bonde la Rukwa, zinazofurika wakati wa mvua na kukauka baadaye, ni moja ya mazalio machache ya nzige mwekundu katika Afrika nzima. Lile pigo kuu lililodumu tangu 1930 hadi 1944 na kuenea karibu nusu nzima ya kusini ya bara hili lilianzia Rukwa na Mweru wa Ntipa, upande wa pili wa mpaka. Kwa ajili hiyo huduma ya kimataifa ya kupambana na nzige hao iliwekwa Abercorn, mji ambao leo ni Mbala nchini Zambia, na baadaye shirika lililoirithi likahamia Ndola. Msomaji wa Yoeli aliyekulia bondeni humo hahitaji mhubiri wa kumweleza jeshi lipandalo kuta, wala nchi iliyo kama bustani mbele yake na jangwa nyuma yake.

Kitabu cha Mithali kinawahesabu nzige miongoni mwa viumbe wadogo wenye akili nyingi, kwa sababu hawana mfalme na hata hivyo huenda wote kwa vikosi. Huo ni uchunguzi wa kweli. Nzige aliye peke yake ni panzi tu, hana madhara. Wakisongamana ndipo wanapogeuka rangi na tabia na kuanza kwenda pamoja, jambo ambalo wanasayansi walilithibitisha mwaka 1921. Tena tazama Ufunuo, sura ya tisa: nzige watokao shimoni wanaye mfalme, aitwaye Abadoni. Wengi hupita hapo bila kusita. Twadhani mwandishi aliijua vyema ile Mithali, akaigeuza makusudi ili msomaji aelewe kwamba hawa si nzige wa shambani.

Na nzige huliwa. Walawi wanaruhusu aina nne, Yohana Mbatizaji aliishi kwa nzige na asali ya mwitu, na Wayahudi wa Yemeni walihifadhi mapokeo ya kuwatambua wale walio halali. Jambo hili halimshangazi mla kumbikumbi. Tahadhari moja tu: nzige walionyunyiziwa dawa wasiliwe. Mwaka 2009 ilitumika katika mbuga za Tanzania, Rukwa ikiwamo, dawa itokanayo na ukungu uuao nzige bila kuwadhuru ndege, katika eneo la hekta zipatazo 10,000, na balaa likazuiwa. Kazi kama hiyo haipigiwi tarumbeta, maana hakuna aandikaye habari za njaa isiyotokea.

Juu ya kondoo hatutasema mengi. Wamoravian walipofungua kituo cha Mbozi mwaka 1899, chini ya Traugott Bachmann, walikuja na muhuri wao wa kale wenye Mwana-kondoo achukuaye bendera. Kondoo wa kwenye muhuri ana manyoya ya sufu. Kondoo wa hapa ana nywele fupi na kwa mbali hutofautishwa na mbuzi kwa mkia tu: wa mbuzi husimama, wa kondoo huning'inia. Basi mfano wa mchungaji awatengao kondoo na mbuzi, ambao Mzungu huuona kama kazi ya mtoto, hapa unaonekana kuwa kazi ya jicho lililozoea. Mkia wa mafuta uliotolewa madhabahuni katika Walawi nao unaeleweka upesi kwa wenye kondoo wa mikia minene. Na mbuzi asidharauliwe: Kutoka 12 inaruhusu mnyama wa Pasaka atwaliwe katika kondoo au katika mbuzi, na katika Siku ya Upatanisho ni mbuzi aliyebebeshwa makosa ya watu wote na kupelekwa jangwani. (Kahawa ya Mbozi, kwa masikitiko yetu, haimo katika Maandiko.)

Tangu miaka ya 2000 wamekuwapo watu Mbeya wafanyao kazi ya kutafsiri Maandiko katika lugha za eneo hili, Kinyiha, Kimalila, Kindali na Kibungu zikiwamo. Kwao mambo haya si ya mapambo. Yoeli 1:4 ina maneno manne ya Kiebrania kwa nzige, na wataalamu bado wanabishana kama ni aina nne au hatua nne za kukua. Kiswahili kimeweka tunutu, nzige, parare na madumadu. Mtafsiri wa lugha ya Bonde la Rukwa atapata wapi majina yake manne? Kwa wale waliowapiga nzige kwa matawi na madebe wakiwa watoto, na hao wamebaki wachache mno, kwa kuwa aliyekuwa na miaka kumi mwaka 1944 amekwisha kupita tisini.

Majina hayo hayo anayahitaji bwana shamba, ambaye angependa kuarifiwa mapema kwamba tunutu wameonekana mbugani, na kwa neno lisilochanganywa na panzi wa kawaida. Tunaomba ofisi za kilimo za Momba na Songwe ziwatume watu wao kwa wazee hao pamoja na watafsiri, daftari moja likiwatosha wote, kabla ya mvua zijazo.