Mtumishi wa Serikali Aliyeshinda Kesi: Je, Atarudishwa Kazini?

Watu wengi katika Nyeri na miji mingine ya pande za Mlima Kenya hudhani kwamba mtumishi wa Serikali aliyefukuzwa kwa shtaka la jinai, akiisha kuachiliwa na hakimu, hana budi kurudishwa kazini mara moja. Sivyo ilivyo sheria, na dhana hiyo imewapotezea wengine haki yao.

Chukua mfano wa karani akaaye Ruring'u, ambaye ameshtakiwa kwamba ameiba fedha za ofisi. Hapo mashauri ni mawili. La kwanza ni kesi ya jinai, ambamo shtaka lazima lithibitishwe pasipo shaka yenye maana. Shaka ikibaki, mshtakiwa huachiliwa. La pili ni shauri la nidhamu mbele ya mwajiri wake. Katika hilo Sheria ya Ajira ya mwaka 2007 yamtaka mwajiri awe na sababu ambazo kwa kweli aliamini kuwa zipo. Basi yawezekana hakimu amwachilie karani kwa kuwa shahidi hakufika, na huku mwajiri awe amemfukuza kwa haki kwa kuwa stakabadhi hazikulingana na fedha zilizomo sandukuni.

Hata hivyo mwajiri hana ruhusa ya kufanya apendavyo. Katiba ya mwaka 2010, katika kifungu cha 236, yakataza mtumishi wa umma kufukuzwa au kushushwa cheo pasipo kufuata utaratibu wa sheria. Ni lazima aelezwe kosa lake kwa lugha anayoifahamu, tena asikilizwe, akiwa na mfanyakazi mwenziwe au mjumbe wa chama cha wafanyakazi. Mtu aliyefukuzwa pasipo kusikilizwa ana shauri la kupeleka mahakamani, na shauri hilo halingojei hukumu ya kesi ya jinai.

Yafaa pia kutofautisha kusimamishwa na kufukuzwa. Kwa sheria ya mwaka 2003 ya kupinga rushwa, mtumishi aliyeshtakiwa kwa kosa la rushwa husimamishwa kwa nusu mshahara, na akiachiliwa, kusimamishwa huko hukoma. Aliyekwisha kupokea barua ya kufukuzwa hana njia nyepesi kama hiyo.

Hatari kubwa kuliko zote ni hesabu ya siku. Sheria ya Ajira yatoa miaka 3 ya kufungua shauri. Wafanyakazi wawili wa Serikali walifukuzwa mwezi wa Oktoba 2010, nao walikuwa na kesi ya jinai, ambayo baadaye waliachiliwa. Walifungua shauri lao la kazi mwaka 2014, wakapata ushindi. Mwanasheria Mkuu akakata rufani, na mwaka 2016 Mahakama ya Rufani huko Nyeri ikaamua kwamba miaka ilianza kuhesabiwa siku walipopewa barua za kufukuzwa, wala si siku walipoachiliwa. Shauri lao likaanguka, ingawa hakimu hakuwaona na hatia. Ni uamuzi mgumu kwa mtu aliyesubiri kwa nia njema, lakini ndio uliotolewa.

Hata aliyewahi asidhani kwamba kiti chake ki salama. Mahakama yaweza kuamuru mtu arudishwe ndani ya miaka 3 tangu kufukuzwa, nayo hufanya hivyo kwa nadra, palipo na sababu za pekee. Mara nyingi mshindi hupewa fidia isiyozidi mshahara wa miezi 12.

Kwa hiyo barua ya kufukuzwa na itunzwe, pamoja na tarehe iliyopokelewa. Akaaye Ruring'u hana haja ya kusafiri hadi Nairobi, kwa maana Mahakama ya Ajira na Uhusiano wa Kazi hukaa Nyeri mjini. Mtumishi wa kaunti hutakiwa kwanza kukata rufani kwa maandishi kwa Tume ya Utumishi wa Umma, naye hupewa siku 90 tu tangu tarehe ya uamuzi.