Mungu wa baharini: ni ‘Aliyezama’ au ‘Mfa Maji’?

MWANDISHI Mmarekani George R. R. Martin, katika msururu wa riwaya alioanza kuuchapisha mwaka wa 1996, amebuni dini ya wakazi wa visiwa vya mawe na udongo duni. Watu hao huishi kwa uvuvi na uharamia, ndiposa mungu wao akawa wa baharini. Adui yake ni mungu wa dhoruba, akaaye mawinguni. Kuhani humzamisha muumini hadi pumzi imwishie, kisha humpulizia hewa kinywani azinduke. Wafu nao huaminika kula karamu katika kumbi zilizo chini ya mawimbi.

Kwa Kiingereza, jina la mungu huyo humtaja kama aliyemezwa na maji. Sasa, tulitafsirije? Kamusi itatwambia kuwa mtu wa aina hiyo ‘amekufa maji’. Basi tumwite ‘Mungu Mfa Maji’? La hasha! Kwanza, Mswahili akisikia ‘mfa maji’ humkumbuka yule wa methali asiyeacha kutapatapa. Mungu hatapatapi! Pili, aliyekufa maji habari yake imekwisha, ilhali dini hii imejengwa juu ya kurudi.

Kitenzi ‘zama’ kinafaa zaidi. Jua huzama, kesho likachomoza. Mpiga mbizi huzama akaibuka. ‘Mungu Aliyezama’ humwachia muumini tumaini.

Funzo ni kwamba jina la imani halitafsiriwi kwa kamusi pekee. Uliza kwanza: wenye dini wanaamini nini? Ukikosea neno moja tu, utamuua mungu wa wenyewe.