Majonzi katika shughuli za kila siku

Matanga yakishaanuliwa, turubai likashushwa na jamaa wakarudi makwao, mfiwa hubaki na shughuli zilezile za nyumbani: kuteka maji, kupika, kufagia, kuwahi kazini. Humo ndimo majonzi hukaa kwa muda mrefu zaidi.

Sababu yake ni mazoea. Waliokaa pamoja miaka mingi huzoeana hadi mikononi, na kifo hakifuti mazoea hayo kwa siku moja. Mjane anajua fika kwamba mumewe amezikwa, lakini asubuhi mkono wake hutoa vikombe viwili kabatini. Kikombe cha pili kinaporudishwa, habari ya kifo hupokewa upya. Ndiyo maana uchungu huweza kuzuka jikoni baada ya wiki nzima ya utulivu.

Mwaka 1999, Margaret Stroebe na Henk Schut wa Chuo Kikuu cha Utrecht, Uholanzi, walieleza kuwa mfiwa hukabili mambo mawili kwa zamu. La kwanza ni msiba wenyewe: kumlilia marehemu, kumkumbuka, kutazama picha zake. La pili ni maisha yaliyobadilika: kushika kazi alizozifanya marehemu, kama kusimamia shamba au kufuatilia ada za watoto. Anayecheka sokoni asubuhi na kulia usiku hajamsahau marehemu, wala halii kwa unafiki. Kazi humpumzisha kutokana na kilio, na kilio humkutanisha na ukweli ambao kazi huusogeza kando.

Mila na dini nazo hupanga mwendo huo. Eda ya mjane Mwislamu asiye mjamzito ni miezi minne na siku kumi. Katika muda huo huacha mapambo na manukato, na hatoki ila kwa haja, lakini kupika na kulea watoto huendelea.

Mfiwa husaidiwa na utaratibu mwepesi: kuamka, kuoga, kula na kulala kwa saa zilezile, na kazi moja ndogo inayoweza kumalizika. Kugawa nguo za marehemu kunaweza kusubiri.

Orodha ya magonjwa ya Shirika la Afya Duniani iliyoanza kutumika mwaka 2022 inatambua majonzi ya muda mrefu kuwa ni maradhi. Dalili zake ni uchungu mkali unaodumu zaidi ya miezi sita, unaopita kiasi kinachotarajiwa katika mila za mhusika, na unaomzuia kuendesha maisha yake. Aliyefikia hapo anahitaji mtaalamu wa afya ya akili.