Tashtiti na Shabaha Yake: Tajriba ya Willie Rushton wa Uingereza

Mwalimu mwenzangu, ukisahihisha majibu ya fasihi ya kidato cha nne huchelewi kukutana na kauli kama hii: mwandishi ametumia tashtiti kwa sababu mhusika fulani anachekesha. Mtahiniwa hukosa alama, naye huona kwamba ameonewa. Kosa lake ni kulichukua kila cheko kuwa tashtiti. Makala haya yananuia kumsaidia kwa kutazama kazi za msanii mmoja wa Uingereza, William Rushton, ambaye wengi walimjua kwa jina Willie. Alizaliwa London mwaka wa 1937 na kufariki mwaka wa 1996. Kati ya miaka hiyo alichora vibonzo, akaigiza, akachekesha redioni, akaandika riwaya na kuwasomea watoto hadithi kwenye televisheni. Baadhi ya kazi hizo ni tashtiti hasa. Nyingine ni ucheshi mtupu. Kwa kuwa msanii ni yule yule, na kipawa ni kile kile, tofauti kati ya mambo hayo mawili hudhihirika kwa urahisi.

Tuanze na istilahi, kwa maana hapa ndipo wengi hukwama. Baadhi ya vitabu vya marudio hulitumia neno tashtiti kwa maana ya swali la balagha, yaani swali lisilohitaji jibu. Sisi tunalitumia kwa maana ya kazi au sehemu ya kazi inayoufichua upumbavu au uovu wa mtu, tabaka au taasisi kwa njia ya kicheko. Kejeli, kinaya na chuku ni zana za tashtiti, kama vile jembe na panga ni zana za mkulima. Mtu anaweza kuwa na jembe asilime. Vivyo hivyo msanii anaweza kutia chuku asiwe amemlenga yeyote. Kwa hivyo kila mara mtahiniwa ajiulize: nani anachekwa, na anachekwa kwa kosa gani?

Rushton alisomea Shrewsbury, shule ya bweni ya watoto wa wenye nacho. Huko alikutana na Richard Ingrams, Christopher Booker na Paul Foot, akawa anachora katika jarida la shule. Wenzake waliendelea hadi Oxford na Cambridge. Yeye alianguka mtihani wa Kilatini mara kadhaa, asipate kwenda chuo kikuu. (Watahiniwa wasilichukue hilo kama kibali.) Aliingia jeshini kwa mujibu wa sheria ya wakati huo, kisha akawa karani katika ofisi ya mawakili. Jambo la kuzingatia ni kwamba alilelewa ndani ya tabaka lile lile ambalo baadaye alilifanyia mzaha. Alijua wanavyotembea, wanavyovuta maneno, wanavyoshika kikombe. Mkejeli asiyeijua shabaha yake kwa undani huishia kutukana, na matusi hayahitaji msanii.

Mnamo Oktoba 1961 yeye na marafiki zake walianzisha jarida la Private Eye. Matoleo ya kwanza yaliandaliwa nyumbani kwa mamake Rushton, mtaa wa Kensington, naye ndiye aliyepanga kurasa na kuzichora. Teknolojia mpya ya uchapishaji ilikuwa imewarahisishia kazi: ukurasa ulipigwa picha kama ulivyobandikwa, herufi na michoro pamoja, kwa hiyo vijana wasio na mtambo wala fedha nyingi waliweza kuchapisha gazeti.

Nakuomba msomaji utue kidogo kwenye mchoro mmoja wa Rushton, kwa kuwa unafundisha kuliko fafanuzi nyingi. Gazeti la Daily Express, lililokuwa la tajiri Lord Beaverbrook, mtetezi mkubwa wa himaya ya Waingereza, lilikuwa na nembo ya askari wa vita vya msalaba, amevaa deraya na kushika ngao na upanga. Rushton alimchora askari wake mwenyewe kwa ajili ya Private Eye. Huyu ni mnyonge, upanga wake umepinda, na sura ni ya rafiki yake John Wells. Hakuna neno lolote lililoandikwa kumshutumu Beaverbrook. Hata hivyo, msomaji wa wakati huo aliyezijua nembo zote mbili alielewa papo hapo: majigambo ya himaya yalikuwa yamebaki majigambo, na upanga haukati tena.

Tukiuchambua mchoro huo kama tunavyochambua kifungu cha riwaya, tutaona mambo kadhaa yanayofanya kazi pamoja. Pana uigaji, maana umbo la shabaha limechukuliwa lilivyo. Pana upotoshaji wa makusudi katika sehemu moja ndogo, yaani upanga, na ndiyo inayobeba maana yote. Tena pana hadhira lengwa, ambayo lazima iwe inakijua kilichoigwa. Mtu asiyewahi kuiona nembo ya Daily Express ataona askari wa kuchekesha tu, na kwake huo ni ucheshi. Hii ndiyo sababu mtahiniwa anayejibu swali la tashtiti bila kutaja muktadha wa jamii hujibu nusu. Askari huyo, kwa taarifa yako, yuko kwenye jalada la Private Eye hadi leo, ingawa wasomaji wengi wa sasa hawajui alitoka wapi.

Novemba 1962 BBC ilianza kurusha kipindi cha televisheni kilichoitwa That Was The Week That Was, kikiongozwa na David Frost. Humo Rushton alimwigiza Waziri Mkuu Harold Macmillan: masharubu, kope zilizolegea, sauti ya mzee wa kikabaila aliyechoka. Kumwigiza Waziri Mkuu aliye madarakani, mbele ya mamilioni ya watazamaji, lilikuwa jambo geni. Je, Macmillan alifanya nini? Alimwelekeza waziri aliyehusika na utangazaji asikichukulie kipindi hicho hatua yoyote bila kumshauri yeye, akisema kwamba afadhali kiongozi achekwe kuliko asahauliwe. Kwa maoni yangu hilo ni jibu la werevu mkubwa, na linatisha kidogo. Mkubwa akishajua kucheka pamoja na hadhira, kejeli huwa kama maji yaliyomwagiwa bata. BBC yenyewe ndiyo iliyokikatiza kipindi mwishoni mwa 1963, kwa hoja kwamba mwaka wa 1964 ulikuwa wa uchaguzi mkuu.

Kabla ya hapo Rushton alikuwa ametoka jukwaani na kuingia katika siasa zenyewe. Macmillan alipojiuzulu Oktoba 1963, nafasi yake ilichukuliwa na Alec Douglas-Home, ambaye wakati huo alikuwa lodi. Hakuchaguliwa kwa kura na chama chake; wakubwa walishauriana faraghani, jina lake likatoka. Ili aingie katika Bunge la waliochaguliwa, aliukana ulodi wake, na kwa muda wa siku kumi na tano Uingereza ikawa na Waziri Mkuu asiyekuwa mbunge popote. Msomaji wa Kenya ana sababu ya kumkumbuka Home: ndiye aliyekuwa Waziri Mkuu wa Uingereza sisi tulipopata uhuru tarehe 12 Desemba mwaka huo, majuma matano tu baada ya uchaguzi mdogo tunaousimulia.

Uchaguzi huo ulifanyika tarehe 7 Novemba katika eneo bunge la Kinross na West Perthshire huko Scotland. Rushton akajitokeza kugombea dhidi ya Waziri Mkuu, akiungwa mkono na Private Eye. Fikiria kinaya kilichopo: mchekeshaji anajipeleka kwa wapiga kura kama mgombea wa kweli, ilhali Waziri Mkuu wa kweli ndiye aliyefika madarakani kwa njia inayofanana na mchezo wa kuigiza. Kampeni yenyewe ndiyo iliyokuwa tashtiti. Hata hivyo, siku zilipokaribia, Rushton aliwasihi wafuasi wake wampigie mgombea wa chama cha Liberal, kwa kuwa ndiye aliyekuwa na nafasi bora ya kumshinda Home. Katika tendo hilo kinyago kilivuliwa na mtu akasema alichotaka. Home alipata kura 14,147. Rushton alipata 45.

Mtahiniwa aihifadhi tarakimu hiyo akilini kabla ya kuandika, kama wengi wanavyoandika, kwamba tashtiti huleta mabadiliko katika jamii. Ni kweli kwamba chama cha Home kilishindwa katika uchaguzi mkuu wa 1964, lakini kudai kwamba vibonzo ndivyo vilivyokiangusha ni kutia chuku isiyo na sanaa. Andika kile kazi inachofanya ndani yake: inafichua, inapunguza heshima isiyostahili, inampa mnyonge lugha ya kumtazama mkubwa bila kuinama.

Baada ya hapo Rushton aligeukia mengi, na hapa tunaweza kwenda haraka. Aliigiza katika filamu, aliwasomea watoto hadithi katika kipindi cha Jackanory, na katika miaka ya 1980 aliwapa sauti vinyago vya udongo vya The Trap Door. Kwa zaidi ya miaka ishirini alikuwa katika kipindi cha redio I'm Sorry I Haven't a Clue, ambacho kina mchezo maarufu wa kutaja vituo vya treni za London kwa kufuata kanuni ambazo hazipo. Ni kichekesho kitamu. Mtu anaweza kushikilia kwamba kinakejeli watu wanaopenda kanuni kupita kiasi, lakini sioni aliyejeruhiwa. Huo ni ucheshi, na hauna sababu ya kuona haya. Riwaya yake ya 1984, W. G. Grace's Last Case, humchukua mcheza kriketi aliyeishi kweli na kumtia katika mwendelezo wa kubuni wa hadithi ya uvamizi kutoka sayari ya Mirihi. Hapo kinachoigwa kwa mzaha ni fasihi yenyewe.

Hata hivyo hakuiacha tashtiti moja kwa moja. Alirudi kuichora shabaha yake ya zamani alipopamba kwa michoro maandishi makali ya Auberon Waugh, katika Private Eye na baadaye katika gazeti la Daily Telegraph. Alipofariki Desemba 1996 alikuwa na umri wa miaka 59, na majivu yake yalizikwa kandokando ya uwanja wa kriketi wa Oval, London.

Zoezi kwa mtahiniwa. Chukua mhusika mmoja anayechekesha katika kitabu unachotahiniwa. Eleza kwa alama sita iwapo mwandishi amemtumia kwa tashtiti au kwa ucheshi, ukitaja anayelengwa, kosa lake, na upanga uliopindwa.