Mtumishi akiomba uhamisho, nani analipa boti?

Wenye maduka Songo Songo wanaokopesha walimu na wauguzi wana swali la kuuliza mteja anapoaga: umehamishwa au umeomba? Kwa Kanuni za Kudumu za Utumishi wa Umma za 2009, anayehamishwa na mwajiri hustahili nauli, gharama za mizigo na posho ya usumbufu. Aliyeomba mwenyewe, hata kwa kubadilishana na mwenzake, hujilipia boti hadi bara, basi na lori la vyombo.

Akibaki kada ileile, mshahara, cheo na miaka ya utumishi haviguswi. Akibadili kada, kwa kawaida foleni ya kupanda cheo huanza upya. Nauli yake, basi, itatoka katika mshahara uleule ulioandikiwa unga na sukari dukani.