Soka la Zanzibar: lipi kweli, lipi uongo?

Jioni pale Forodhani, wauza mishkaki na juisi ya miwa wakishawasha taa zao, mada ya mpira haikosi. Wenyeji hubishana, wageni husikiliza, na mara nyingi mwenye sauti kubwa ndiye hushinda. Lakini mengi yanayosemwa pale kuhusu timu yetu ya taifa, Zanzibar Heroes, na klabu zetu si sahihi, na yakirudiwa sana vijana huyashika kama ndiyo historia yenyewe. Nimechagua yale yanayorudi kila siku.

"Zanzibar haijawahi kutwaa Kombe la Chalenji."

Uongo. Mwaka 1995 mashindano hayo ya nchi za Afrika Mashariki na Kati yalifanyika Uganda, na Zanzibar ikawafunga wenyeji hao hao bao 1-0 kwenye fainali. Kombe likavuka bahari likaja Unguja. Kijana wa Darajani anaweza kukutajia kikosi kizima cha timu ya Uingereza, kuanzia kipa mpaka wa akiba, lakini mabingwa hao wa 1995 hamjui hata mmoja. Kosa si lake. Sisi wakubwa hatukumsimulia.

"Fainali ya Chalenji ya 2017 tuliifikia kwa bahati tu."

Uongo, na huu ndio unaoniudhi kuliko yote. Tazama njia waliyopita vijana wetu. Kule Kenya, Desemba 2017, Zanzibar ilipangwa kundi moja na wenyeji Kenya, Rwanda, Libya na Tanzania Bara. Wakaanza kwa kuipiga Rwanda 3-1. Wakaifunga Bara 2-1. Wakatoka sare tasa na Kenya, kisha wakapoteza 1-0 kwa Libya, na bado pointi 7 zikawatosha kushika nafasi ya pili. Nusu fainali walikutana na Uganda, timu iliyotwaa kombe hilo mara nyingi kuliko nyingine yoyote, wakaitoa 2-1. Bahati gani hiyo inayodumu wiki mbili?

Fainali ilichezwa Machakos, tarehe 17. Kenya walitangulia mapema, na mpaka dakika za lala salama ilionekana mambo yamekwisha, hadi Khamis Mussa Makame aliposawazisha. Dakika za nyongeza Kenya wakaongoza tena, na dakika chache tu baadaye Makame huyo huyo akarudisha. Ikawa 2-2. Kwenye mikwaju ya penalti kipa wa Kenya, Patrick Matasi, alitukatalia, Kenya wakashinda 3-2. Timu iliyotoka nyuma mara mbili mbele ya mashabiki wa wenyeji haikufika pale kwa kubebwa na mtu.

"CAF walitufukuza, hatuna tena letu Afrika."

Hapa kuna nusu ya ukweli, na nusu hiyo inauma. Tarehe 16 Machi 2017, mkutano mkuu wa CAF, shirikisho la soka la Afrika, uliofanyika Addis Ababa uliipokea Zanzibar kuwa mwanachama kamili, wa 55. Watu walisherehekea. Tarehe 21 Julai ya mwaka huo huo, mkutano wa Rabat ukaufuta uanachama huo. Rais wa CAF, Ahmad Ahmad, alieleza kwamba katiba yao hairuhusu nchi moja kuwa na vyama viwili vya soka. Furaha ilidumu miezi minne tu.

Kilichopotea ni uanachama kamili, na pamoja nao ndoto ya Zanzibar kucheza kufuzu AFCON kwa jina lake. Klabu hazikuguswa. Bingwa wa Ligi Kuu ya Zanzibar bado anacheza Ligi ya Mabingwa Afrika, na klabu nyingine inakwenda Kombe la Shirikisho. Wale wanaouliza "mbona Scotland na Wales wanacheza?" wajue kwamba vyama vyao vilikuwapo kabla FIFA haijaundwa mwaka 1904, na FIFA imewaachia nafasi yao hiyo ya pekee. Hali yetu inafanana zaidi na ya Réunion, kisiwa kilicho chini ya Ufaransa: kimo CAF kwa uanachama usio kamili, FIFA hakimo.

Na ukipanga tarehe hizo vizuri utaona jambo: vijana waliocheza fainali Machakos ni wale wale waliofutiwa uanachama miezi mitano kabla.

"Klabu ya Zanzibar haijawahi kuwa bingwa wa Tanzania."

Uongo. Katika Ligi ya Muungano, iliyokutanisha klabu za Bara na za Zanzibar, KMKM wetu walichukua ubingwa mwaka 1984, na Malindi mwaka 1989 na 1992.

"Kombe la Mapinduzi ni la timu za Bara."

Lilikaribia kuwa hivyo. Azam peke yao wamelichukua mara 5. Lakini Januari 2023 Mlandege ya hapa Zanzibar waliifunga Singida Big Stars 2-1 kwenye fainali, na mwaka uliofuata, katika uwanja wa Amaan uliokarabatiwa, wakaifunga Simba 1-0.

"Mzanzibari hapewi nafasi Taifa Stars."

Uongo. Nadir Haroub "Cannavaro" alikuwa nahodha wa timu hiyo ya taifa ya Tanzania. Feisal Salum alitoka klabu ya JKU ya hapa Zanzibar, akacheza Chalenji ile ya 2017, leo ni kiungo asiyekosekana. Hata kocha wetu wa fainali ile ya Machakos, Hemed Suleiman "Morocco", ndiye aliyeiongoza Taifa Stars kufuzu AFCON 2025.

Uongo huu unaishi kwa sababu kumbukumbu zetu zimo makabatini mwa watu. Kama una picha ya kikosi cha 1995, gazeti la siku ile au jezi iliyokunjwa sandukuni, usingoje viliwe na mchwa. Piga nakala, andika majina ya walio pichani, uipeleke ofisi ya Nyaraka pale Kilimani. Na kama wewe ni mmoja wa waliocheza, kaa na wajukuu zako uwahadithie.