Maana ya Neno "Humanisti"

Tulipata kumsikia mwalimu mmoja akiwafundisha wanafunzi wake kwamba Erasmus wa Rotterdam alikuwa mkana Mungu. Tulipomwuliza sababu, alijibu, "Kitabu chamwita humanisti." Erasmus alikuwa padre. Kwa kuwa kosa hilo laweza kumpata ye yote miongoni mwetu, twaona yafaa kulipambanua neno hili, maana lina maana mbili.

Asili yake ni neno la Kilatini *humanitas*, lililomaanisha utu pamoja na malezi mema ya akili. Katika Italia, karne ya 15, humanisti alikuwa mwalimu wa sarufi, ufasaha, mashairi, historia na maadili, aliyevisoma vitabu vya kale katika lugha zake vyenyewe. Kwa elimu hiyo Erasmus alichapisha Agano Jipya la Kiyunani mwaka 1516 huko Basel. Na Luther aliitumia chapa yake ya pili, ya mwaka 1519, alipolifasiri kwa Kijerumani. Basi kila afasiriye Maandiko kutoka lugha ya asili ana deni kwa watu hao.

Maana ya pili ni ya siku za baadaye. Humanisti wa namna hii husema kwamba mwanadamu aweza kuujua wema na kuutenda kwa akili na huruma yake, asitegemee ufunuo wa Mungu. Mwaka 1933 baadhi ya watu wa Marekani, na wachungaji wakiwamo, walitoa tamko la mafundisho ya namna hiyo; na mwaka 1952 vyama vya nchi mbalimbali viliungana huko Amsterdam.

Je, kwa Kiswahili tusemeje? Tunayo maneno mawili, ubinadamu na utu, nayo si mamoja. Ubinadamu hutaja jinsi tulivyo sisi wana wa Adamu, pamoja na udhaifu wetu, mtu akikosa, watu husema, "Ndio ubinadamu." Utu hutaja jinsi itupasavyo kuwa. Mtu mzima wa mwili na akili aweza kuambiwa, "Huna utu," naye akaona haya, kwa maana ajua kwamba utu huonekana katika kuwatendea wenzake. Ndiyo sababu wazee husema, "Mtu ni watu."

Kwa hiyo twashauri humanisti wa kwanza aitwe mwanachuoni wa vitabu vya kale, na wa pili mfuasi wa mafundisho ya ubinadamu. Tusimwite huyu wa pili "mwenye utu," kana kwamba utu ni mali ya chama chake. Wala tusimwambie hana utu kwa sababu ya mafundisho yake tu. Yule Msamaria hakuwa wa dini iliyokubaliwa na Wayahudi, lakini ndiye aliyefunga jeraha za mtu yule njiani.